Mwaka wa Nakurella

Tulimzika Wafula kwao Kimilili, na mvua ikatunyeshea tangu ibada hadi chakula. Nilikuwa nimekaa kwenye kiti cha plastiki chini ya turubai, miguu yangu imevimba kwa ajili ya safari, wakati mjukuu wake mmoja, mwalimu wa baiolojia, alipokuja kuniletea chai. Alichuchumaa kando yangu akaniuliza, "Shosho, ni kweli wewe na kuka, babu yetu, mligundua bakteria hapo Nakuru, halafu wazungu wakawanyang'anya?" Nilimwambia hakuna aliyenyang'anywa kitu. Akatabasamu vile vijana wanavyotabasamu wakidhani mzee amesahau. Ndipo nikajua kwamba Wafula alikuwa amewasimulia hadithi tamu kuliko ilivyokuwa, na kwamba sasa, kati ya watu watatu waliokuwa katika nyumba ile ya Nakuru, nimebaki mimi tu. Mambo yenyewe nimeyanyamazia zaidi ya miaka sitini kwa sababu kuna sehemu ambazo mimi si mtu mzuri. Nitayaandika na hizo sehemu zikiwemo.

Mwaka ulikuwa 1954, na mimi nilikuwa na miaka ishirini na mitatu. Maabara haikuwa jengo la maana. Ilikuwa nyumba ya zamani ya mlowezi, upande wa Menengai juu ya mji, yenye paa la mabati mekundu na veranda ya mbao. Chumba cha kulia kilikuwa kimegeuzwa kuwa chumba cha hadubini. Chumba cha watoto, ambacho ukutani bado kilikuwa na picha za sungura, ndimo lilimokaa kabati la joto, sanduku kubwa la chuma lililopashwa moto kwa taa ya mafuta. Jikoni tulipika chakula cha vijidudu: supu ya nyama iliyochujwa mara tatu, magadi, na ule unga wa mwani unaoifanya supu igande kama uji uliolala. Harufu ya supu hiyo iliingia kwenye nywele zangu na haikutoka. Mimi nililala nyuma, katika stoo iliyokuwa ya matandiko ya farasi. Dirisha lake lilikuwa na wavu wa chuma, na kupitia wavu ule niliona ziwa kwa mbali, na ukingo wake wa waridi, kila asubuhi.

Nililiona tu. Mwaka mzima nilifanya kazi na tope la ziwa lile na maji yake, lakini sikuligusa. Aliyeteremka na debe kuchota alikuwa Wafula, kwa sababu Wafula alikuwa Mbukusu na aliweza kutembea. Mimi nilikuwa Mkikuyu, na ilikuwa Hali ya Hatari, serikali ikitusaka watu wa kabila letu kwa ajili ya vita vya msituni. Wenzangu wengi wa mashambani na mjini walikuwa wamekwisha kupakiwa kwenye malori na mabehewa kupelekwa rizavu, mahali palipoitwa nyumbani kwetu na ambako wengine, mimi mmojawapo, hatukuwahi kukanyaga. Nilibaki kwa sababu ya karatasi moja. Kila baada ya miezi mitatu, mwenye maabara alimwandikia mkuu wa wilaya kwamba mfanyakazi huyu, Nyambura, hana wa kushika nafasi yake mpaka kazi iishe. Karatasi hiyo ilirudi na muhuri wa mkuu, nami niliibeba pamoja na pasi yangu yenye picha, na uwezo wake ulikomea kwenye ua wa seng'enge. Nilihesabu nguzo za ua huo mara nyingi. Zilikuwa mia moja na nne, na ya sitini na moja ilikuwa imeoza.

Mwenye maabara aliitwa Miss Winslade. Sisi tulimwita Misi. Alikuwa mwanamke mrefu wa miaka hamsini hivi, mwenye mikono iliyobabuka kwa dawa, na alikula chakula kimoja kila siku: yai la kuchemsha, mkate, na viazi kutoka Kuresoi ambavyo Wafula alimpikia mpaka vikapondeka. Sisi tulikula ugali na sukuma jikoni, kwenye meza ileile tuliyochujia supu. Siku za kwanza alikuwa akija kusimama mlangoni na kikombe chake tukizungumza. Hakukaa karibu nasi, lakini alizungumza. Siku moja nilimuuliza kwa nini anahangaika kukipa jina kitu ambacho hakionekani kwa macho. Kiswahili chake kilikuwa kile cha mashambani, na alikisema bila haya.

"Hii dudu iko na jina mbili," alisema. "Jina ya kwanza ni ya ukoo. Jina ya pili ni yake mwenyewe. Kama wewe. Kama Wafula."

"Na hii yetu ni ya ukoo gani?"

"Hapana iko na ukoo. Hiyo ndiyo maneno yangu yote, Nyambura. Mimi natafuta katika kitabu yote. Hapana iko."

Ukoo ndio ambao siku hizi shuleni wanauita jenasi. Kijidudu chetu kilitoka kwenye gamba jeupe la ukingo wa ziwa, mahali ambapo magadi ni makali hata yanachubua vidole, na Misi aliamini kwamba kinafanya jambo ambalo hakuna kingine kinacholifanya. Kikiwa kichanga, siku ya pili, kilikuwa kijiti cheupe. Kikizeeka, siku ya kumi, kilifupika na kuvimba kuwa kitone cha mviringo, na hapohapo kikapata rangi ya waridi. Kijiti kinachozeeka kuwa kitone chenye rangi, katika maji ya magadi: huo ulitosha kuwa ukoo mpya. Alikuwa amekwisha kuutafutia jina. Aliliandika kwenye sanduku la mirija kwa penseli, kwa kuwa, alisema, wino ni mpaka lichapishwe: *Nakurella*. Na la pili, *rosea*, kwa ajili ya rangi. Nilifurahi kuona jina la mji wangu likivalishwa mkia ule. Nililitamka siku nzima nikiosha vioo.

Lakini kulikuwa na sababu nyingine ya kulipenda jina hilo. Niliisikia verandani. Rafiki yake Misi, mzee mwenye shamba la ng'ombe huko Ndabibi, alikuwa akipita kwa chai kila akija mjini. Hakujua kwamba najua Kiingereza, au hakujali. Nilikuwa ndani napanga visahani vya kioo, dirisha liko wazi. Nilimsikia akimwambia kwamba anafuga nyoka nyumbani, kwamba watu wa kabila langu wote ni wamoja, na ipo siku atajuta. Misi akamjibu kwamba bila msichana huyu vijidudu vyote vitakufa ndani ya wiki moja. Kisha akasema lililonigandisha mikono: jina likikubaliwa Uingereza, waliomtuma wataendesha maabara miaka mitatu zaidi, na atanishikilia miaka hiyo yote. Lisipokubaliwa, watafunga mwisho wa mwaka. Nilisimama pale na kisahani mkononi. Miaka mitatu ndani ya ua, au lori. Tangu saa ile *Nakurella* haikuwa kijidudu tena kwangu. Ilikuwa ni kukaa.

Masika yalipoanza, Wafula alishikwa na malaria akalala kwake Bondeni kwa siku nane. Siku hizohizo ule unga wa kugandishia ulikuwa umekaribia kwisha, na meli ilikuwa imechelewa. Kwa kawaida nilipaka vijidudu kwenye kisahani kwa waya, michoro minne mizito. Safari hii, ili kisahani kimoja kifanye kazi ya vitatu, nilipaka nyembamba sana, nikiuchoma waya motoni na kuupoza kila baada ya mchoro. Siku ya tisa nilikitoa kisahani kwenye kabati la joto nikakishika dirishani. Mwanzoni mwa mchoro kulikuwa na ute mmoja wa rangi ya waridi hafifu, kama siku zote. Lakini mwishoni kabisa, mahali waya ulipoacha punje mojamoja, niliona madoa mawili yaliyotengana. Moja jeupe. Moja la waridi.

Nilijua nilichokiona kabla sijakikubali. Nikachukua doa jeupe nikalipanda kwenye mrija wake, na la waridi kwenye wake. Siku ya pili kwenye ule mweupe kulikuwa na vijiti. Siku ya kumi, vijiti. Siku ya ishirini, vijiti vilivyochoka, lakini vijiti. Kwenye ule wa waridi hakukuwa na kitu siku mbili za kwanza, halafu vikaja vitone, vya mviringo tangu vichanga hadi vizee. Hakuna kilichokuwa kikizeeka na kugeuka. Vilikuwa viumbe viwili vilivyokaa pamoja, kimoja chenye haraka na kingine cha polepole. Aliyetazama mapema aliona cha haraka, na aliyetazama baadaye aliona cha polepole kikiwa kimemfunika mwenzake. Nilirudia mara tatu. Nikaificha mirija nyuma ya chupa tupu, rafu ya chini, upande ambao Misi hakuinamia kwa sababu ya mgongo wake.

Wafula alikuwa amekwisha kurudi kazini, amekonda na macho ya manjano. Nilipokuwa na hakika, nilimwonyesha. Aliangalia kwenye hadubini muda mrefu. Alikuwa ameanza kazi kama mchota maji, lakini macho yake yalikuwa mazuri kuliko yangu.

"Umemwambia?"

"Bado."

"Basi usimwambie." Alisema polepole, akifuta mikono kwenye aproni. "Sikiliza, dada. Hivi vijidudu havina pasi. Viwe viwili, viwe kumi, hakuna atakayevipakia lori. Mimi nitaosha chupa mahali pengine. Wewe utaosha wapi?"

"Lakini si kweli, Wafula."

"Kweli gani? Kwani sisi ndio tulisema? Yeye ndiye alisema."

Nilinyamaza. Nataka ieleweke kwamba sikunyamaza tu. Kila Jumatatu ilikuwa kazi yangu kupanda mirija mipya, na kila Jumatatu, kwa wiki saba, nilichovya waya kwenye mrija ule wa mchanganyiko nikijua ninachochanganya, nikampelekea Misi. Naye aliketi mbele ya hadubini na penseli zake, akachora. Alichora kijiti, akachora kijiti kinachovimba, akachora kitone, na kati yao akachora vile alivyodhani ni hatua za katikati, vitu ambavyo sasa nilijua havipo isipokuwa machoni pake. Alikuwa mwenye furaha majuma yale. Alinipa kipande cha keki. Aliniuliza kama nadhani hatua ya tatu inafanana na alivyoichora, nami nikasema, "Ndiyo, Misi." Usingizi uliniacha. Ua uleule, ambao kabla ya hapo ulikuwa umejengwa na serikali, sasa nilihisi nimeanza kuujenga mwenyewe, nguzo kwa nguzo.

Wafula naye alikuwa na mpango wake. Tukila, alinifundisha Kibukusu. Lori likija, alisema, nitakuwa dada yake, jina langu Nasimiyu, nimetoka Kimilili kumwangalia akiwa mgonjwa. "Mulembe," alinisalimu, nami nikajibu, "Mulembe." Nilijifunza majina ya wajomba na ya mto. Siku moja aliniuliza ghafla, kwa sauti ya askari, "Unaitwa nani?" nikajibu, "Nyambura," na hata mimi nikashangaa. Aliweka kijiko chini. Hakucheka. Hatukuendelea tena na masomo hayo.

Makala ya Misi ya kulitangaza jina ilimalizika. Misi aliipiga chapa mara mbili, akaweka michoro kwenye bahasha ngumu, na akaniambia nifunge mirija sita kwa nta iende Uingereza kwa ndege, iwekwe mahali ambapo vijidudu vyenye majina hutunzwa ili mtu yeyote aweze kuvitazama. Ilikuwa saa nne ya asubuhi, jua linaingia mpaka kwenye picha za sungura. Nta ilikuwa imeyeyuka. Nilishika mrija wa kwanza, na nikamwona, kwa uwazi kabisa, mtu fulani nisiyemjua kwenye chumba cha baridi akipaka nyembamba. Ingemchukua siku tisa. Ningependa kuandika kwamba niliusemea ukweli. Nadhani zaidi nilishindwa kuvumilia kusubiri siku zile. Nilizima moto wa nta, nikainama kwenye rafu ya chini, nikatoa mirija yangu miwili, mweupe na wa waridi, nikaiweka juu ya bahasha yake.

"Nini hii?"

"Ni Nakurella, Misi. Ziko mbili."

Hakuuliza maana yake. Nadhani, kama mimi siku ile dirishani, alijua papo hapo. Aliketi kwenye hadubini, nikamwandalia kioo baada ya kioo, vya zamani na vipya, kwa karibu saa nzima. Chai yake ilipoa. Mwishowe aliondoa jicho akakisahau Kiswahili, akaniuliza kwa Kiingereza tangu lini. Nikamwambia: wiki saba.

"Wiki saba," alisema. "Ukaniacha nichore."

"Ndiyo, Misi."

"Kwa nini?"

Nilitoa ile karatasi ya mkuu wa wilaya mfukoni mwa aproni nikaiweka mezani. Aliisoma kana kwamba si yeye aliyeiandika. Kisha aliinuka, akaenda chumbani kwake, akafunga mlango, na kwa siku mbili Wafula alirudisha trei za viazi zikiwa hazijaguswa. "Umetumaliza," Wafula aliniambia jikoni, bila hasira, akaendelea kuosha. Nilikunja nguo zangu mbili na blanketi nikazifunga kamba. Kila gari lililopanda mlima nililisikia tangu likiwa barabara ya chini.

Siku ya tatu alitoka, akapaka visahani yeye mwenyewe, nyembamba, mgongo umepinda, akasubiri siku tisa bila kunitazama. Madoa yalitengana. Aliandika Uingereza kwamba anaiondoa makala, na alifuta jina kwenye sanduku kwa kifutio mpaka mbao ikabaki na alama. Nilikuwa nafagia chini ya meza yake ndipo nikaona nakala ya barua nyingine, kwa mkuu wa wilaya. Ilisema kwamba kazi haijaisha. Ilisema kwamba imefika mahali pagumu zaidi na kwamba mfanyakazi Nyambura hana wa kushika nafasi yake. Nilisimama na ufagio. Alikuwa ameniona.

"Misi, kazi gani haijaisha?"

"Mbele ilikuwa dudu moja," alisema, bado akitazama karatasi zake. "Sasa iko mbili. Kazi imekuwa mingi."

Hakukuwa na kazi. Wote watatu tulijua. Uingereza walikuwa wamejibu kwamba mwisho wa mwaka watafunga, na mwisho wa mwaka ukaja, akabaki kwa gharama zake mwenyewe hadi miezi mingine ikapita. Mwanamke yule ambaye hakuweza kuliacha kosa moja likae kwenye mchoro wake alisaini uongo kila baada ya miezi mitatu kwa ajili yangu, nami kila Jumatatu nilipanda vijidudu viwili visivyo na faida kwa mtu, ili akija mkaguzi akute kitu kinachoota. Hiyo ndiyo miezi iliyokuwa mizito kuliko yote. Hakunisamehe. Hakuja tena kusimama mlangoni na kikombe, na jina langu hakulitaja, aliniita "wewe." Alinilisha, alinikinga, na hakunitazama. Tulikula chini ya paa lilelile, chumba kwa chumba, watu watatu waliofungiwa na uongo mmoja.

Mkaguzi alikuja kweli, afisa kijana mwenye uso uliobabuka kwa jua, na askari wawili. Waliangalia stoo yangu, wakapindua godoro. Afisa akataka aone hiyo kazi. Misi akanyoosha mkono kwangu tu. Niliandaa kioo, nikamwonyesha jinsi ya kuliweka jicho. Alitazama, akatulia, na kwa muda akawa kama mtoto yeyote.

"Zinatembea," alisema. "Zinaitwaje?"

Nilimtazama Misi. Alikuwa ameangalia dirishani.

"Hazina jina bado, bwana," nikasema.

Afisa alisaini karatasi juu ya goti lake, wakaondoka. Misi alibaki dirishani mpaka gari likaacha kusikika. "Asante, Nyambura," alisema. Lilikuwa jina langu kwa mara ya kwanza tangu ile siku ya nta.

Mwezi wa Machi alifunga nyumba. Wafula alipata kazi reli. Vijidudu vyote nilivitia kwenye sufuria ya mvuke vife, kwa agizo la Misi, nikaosha mirija, nikaipanga ikauke. Kisha alinipakia kwenye gari lake mbele, si nyuma, tukapita kwa mkuu wa wilaya ambako alibishana nusu saa mlango ukiwa umefungwa, akatoka na pasi mpya, tukaendelea hadi kiwanda kimoja kidogo cha maziwa upande wa Molo, kilichohitaji mtu wa kupima maziwa kwa hadubini. Alinipa barua iliyofungwa, akaniambia, "Kwenda," akageuza gari. Niliingia peke yangu. Meneja, mzungu mnene mwenye buti za mpira, aliifungua barua akaisoma kwa sauti, huenda kwa kuwa ilikuwa fupi mno: "Huona kilichopo, na hukisema, ingawa huchelewa."

Aliniangalia juu ya miwani. "Huchelewa kiasi gani?"

"Wiki saba, bwana."

"Hapa maziwa huharibika kwa siku moja," alisema, akanitupia aproni.